Mpangaji wa Mpangaji wa Raja

Sheria yenyewe ilikuwa fupi. Kodi ya serikali iingie hazina kabla jua halijatua siku ya kulipa, la sivyo shamba lote linanadiwa. Watu wa Bengal wakaiita sheria ya machweo. Haikuuliza kama mvua ilikosekana, kama mto umemeza nusu ya majaruba, wala kama msafara uliobeba fedha umekwama njiani. Na safari hii waliotetemeka kwanza hawakuwa wakulima, bali maraja.

Kufika hapo kulichukua karibu miaka 30. Mwaka 1765 mfalme wa Kimughal, Shah Alam II, aliikabidhi Kampuni ya Kiingereza ya India Mashariki haki ya kukusanya kodi za Bengal, Bihar na Orissa. Miaka mitano haikupita vizuri ikaja njaa kuu ya 1769 na 1770, ambayo kwa makadirio yanayotajwa sana iliua watu milioni 10, yaani theluthi ya wakazi. Kampuni haikusimamisha makusanyo. Mwaka 1772 gavana wa Kampuni, Warren Hastings, akajaribu kuuza haki ya kukusanya kodi kwa mnada, kwa vipindi vya miaka mitano. Watu wakapanda dau wasiloweza kulilipa, wakawakamua wakulima, kisha wakashindwa.

Ndipo akaja gavana mkuu Lord Cornwallis, jenerali yuleyule aliyesalimu amri kwa Wamarekani pale Yorktown mwaka 1781. Tarehe 22 Machi 1793 alitangaza mpango uliokuja kujulikana kama Mapatano ya Kudumu. Wazamindari, waliokuwa wakusanyaji wakubwa wa kodi tangu enzi ya Wamughal, walitambuliwa kuwa wenye ardhi. Katika kila mafungu 11 ya kodi waliyotarajiwa kupata kwa wakulima, 10 yangekwenda serikalini na moja lingebaki kwao. Kiasi hicho kiliandikwa kwa rupia, na kiliandikwa kiwe hivyo milele. Cornwallis alitegemea kwamba mtu akihakikishiwa kuwa kodi yake haitapanda, atachimba mifereji, atafyeka pori, na faida ya jasho lake itakuwa yake. Alikuwa akifikiria mabwana mashamba wa kwao Uingereza.

Wazamindari wengi hawakudumu hata muongo mmoja. Kodi ilikuwa kubwa, wakulima walikuwa hawalipi kwa wakati, na kumshtaki mkulima mmoja mmoja mahakamani kulichukua muda mrefu kuliko ulivyoruhusu mwendo wa jua. Milki kongwe za Nadia, Rajshahi, Bishnupur na Dinajpur zilimegwa mnadani kipande kwa kipande. Wanunuzi mara nyingi walikuwa makarani wa wazamindari haohao, au wafanyabiashara wa Calcutta waliokuwa na fedha taslimu na hawajawahi kukanyaga tope la shamba. Mwaka 1799 Kampuni ikawaonea huruma wenye ardhi, si wakulima, ikatoa Kanuni ya 7, iliyomruhusu zamindari kukamata mazao ya mdaiwa, na hata kumkamata mdaiwa mwenyewe. Wakulima waliikumbuka kwa namba yake ya Kiajemi tu, Haftam, ya Saba, na jina likatosha.

Raja wa Burdwan, Tej Chandra, alikuwa na milki kubwa kuliko karibu wote na deni kubwa vivyo hivyo. Njia aliyoibuni ndiyo chanzo cha yote yanayofuata. Aliikata milki yake mafungu, akampa kila fungu mtu mwenye fedha, kwa kodi isiyobadilika, kwa kudumu, liweze kurithiwa na kuuzwa. Kwanza mtu huyo alilipa kilemba, fedha nyingi za mara moja. Kisha kila mwaka alilipa kodi yake kwa Raja, na akikosa, haki yake ilinadiwa. Mpango huo uliitwa patni.

Tazama alichofanya Tej Chandra. Kampuni ilikuwa imemwambia: kodi haipandi kamwe, lakini ukichelewa unauzwa. Naye akageuka akawaambia wa chini yake maneno yaleyale. Aliikata sheria ya machweo kama kitambaa, akamshonea kila mpangaji vazi la kipimo chake. Hatari iliyokuwa ikimwandama yeye sasa ilikuwa imegawanywa kwa watu wengi, na kila mmoja alikuwa amelipa kilemba ili aipokee.

Kisheria jambo hilo lilikuwa batili. Kanuni ya 44 ya mwaka ule ule wa 1793 ilikataza zamindari kukodisha kwa zaidi ya miaka 10, na hapa watu walikuwa wakipeana ardhi ya kudumu. Kampuni ilifumba macho kwa sababu fedha zilikuwa zinaingia kwa wakati. Mwaka 1812 kikomo kile kikaondolewa. Mwaka 1819 ikatoka Kanuni ya 8, ambayo ilihalalisha patni zote zilizokwisha kutolewa kinyume cha sheria, na kuziwekea utaratibu. Utangulizi wake unakiri wazi kwamba jambo lilianzia katika milki ya Raja wa Burdwan na limeenea kwingine. Ni nadra kuona serikali ikikubali hadharani kwamba imekwenda kujifunza kwa aliyevunja sheria yake.

Kanuni hiyo iliweka minada miwili kwa mwaka, kwa kalenda ya Kibengali. Mwezi wa Baisakh, wa kwanza katika mwaka, zamindari aliwasilisha orodha ya wasiolipa, tangazo likabandikwa hadharani, na mnada ukafanyika mwanzoni mwa mwezi uliofuata wa Jaistha. Aliweza pia kupeleka orodha ya katikati ya mwaka, mwezi wa Kartik, mnada ukawa Agrahayan. Tangazo lilibandikwa kweli au halikubandikwa? Swali hilo dogo lililisha mawakili wa Bengal kwa zaidi ya miaka 100, na kesi nyingine zilipanda hadi Baraza la Faragha huko London.

Sasa, aliyepata patni naye alikuwa na ardhi kubwa kuliko nguvu zake za kuisimamia. Akafanya alichofanyiwa: akaimega, akapokea vilemba, akawapa wengine kwa kudumu. Hiyo ikaitwa darpatni, patni iliyo ndani ya patni. Mwenye darpatni akatoa sepatni, ya daraja la tatu, kutokana na neno la Kiajemi la tatu. Majina haya hayakubaki mitaani tu. Darpatni na sepatni zimo ndani ya Kanuni ya 1819 yenyewe, sheria ikiwa imezipokea kama ilivyozikuta. (Msomaji wa Kiswahili asichanganye *dar* hii ya mwanzo, yenye maana ya ndani, na ile *dar* ya mwisho wa majina, yenye maana ya mshikaji, ambayo sisi tunayo katika jemadari.)

Kwa nini ngazi ziliweza kuongezeka bila ya ile ya juu kuanguka? Chukua mfano wa kubuni. Zamindari anadaiwa na serikali rupia 1,000, na deni hilo halipandi. Amempa mwenye patni kwa 1,400. Huyu amempa mwenye darpatni kwa 1,700, naye amempa mwenye sepatni kwa 2,000. Wakulima kwa jumla wanalipa 2,500. Kila mtu wa kati anaishi kwa tofauti tu, hana jembe wala ng'ombe. Idadi ya watu ikiongezeka, pori likifyekwa, bei ya mpunga na baadaye ya juti ikipanda, ongezeko lote linakuja chini, na penye ongezeko panapatikana nafasi ya kupachika mtu mwingine. Kule juu serikali ilikuwa imejifunga kwa neno milele. Kwa hiyo nafasi kati ya rupia 1,000 za hazina na kodi halisi ya shambani ilizidi kutanuka karne nzima, na ngazi zikajazwa humo.

Lakini majina yale hayakuonyesha heshima peke yake. Yalionyesha nani anaanguka na nani. Patni ikinadiwa kwa deni, mnunuzi aliipata ikiwa safi, yaani darpatni na sepatni alizozitoa yule aliyeshindwa zilifutika pamoja naye, hata kama wenyewe walikuwa wamelipa kila senti. Mtu wa daraja la tatu alikuwa akilala usingizi wa watu wawili walio juu yake. Sheria ilimpa dawa moja. Aliruhusiwa kwenda mwenyewe kulipa deni la bwana wake kabla ya mnada, kisha akaishika patni ya bwana huyo na kuikusanyia kodi mpaka fedha zake zirudi. Mpangaji akawa msimamizi wa mwenye nyumba wake. Ndiyo maana mwenye darpatni mwenye akili alikuwa na mtu wake pale penye ofisi ya makusanyo, wa kumletea habari za tangazo lililobandikwa asubuhi.

Kinachoshangaza ni kwamba Waingereza kwao walikuwa wameshayapitia haya. Katika zama za kati mabwana wa Uingereza walikuwa wakitoa ardhi kwa watu walioitoa kwa watu wengine, mpaka Mfalme Edward I na wakuu wake wakaona haki zao za juu zinayeyuka katikati ya ngazi. Mwaka 1290 bunge likapitisha sheria ijulikanayo kwa maneno yake ya kwanza ya Kilatini, Quia Emptores: anayenunua ardhi huru anaingia mahali pa aliyemuuzia, hawekwi chini yake. Ngazi mpya zikakoma. Scotland haikufuata, ikaendelea na ngazi zake hadi tarehe 28 Novemba 2004. Miaka 529 baada ya Quia Emptores, maafisa wa Uingereza hiyohiyo walikaa Calcutta wakaandika sheria ya kuzitambua ngazi za kudumu, za kurithiwa, daraja baada ya daraja. Kilichokuwa kimemuudhi mfalme hakikuiudhi kampuni, kwa kuwa kampuni ilikuwa na jua na dalali.

Patni ilikuwa ya magharibi ya Bengal hasa. Ukitaka kuona ngazi zilivyoota kama mikoko, nenda kusini mashariki, wilaya ya Bakarganj, ambayo mji wake ulikuwa Barisal. Ni nchi ya mito, inayopakana na msitu wa Sundarbans, ambako maji ya chumvi hupanda na kushuka na simba-marara walikuwa wakiwakamata wafyekaji. Kugeuza mahali hapo kuwa shamba la mpunga kulitaka mtaji: kujenga tuta, kufyeka, kulisha vibarua miaka miwili au mitatu kabla ya mavuno ya maana. Aliyepata pori kutoka kwa zamindari aliitwa mwenye taluka. Akamkatia mtu kipande kiitwacho haola, kwa sharti akifyeke. Mwenye haola akagawa nim haola, yaani nusu haola. Kati ya hizo ikaingizwa osat haola, ya katikati, na chini ya nim haola ikaja nim osat haola, na kuendelea. Kwa sikio la Mswahili maneno hayo si mageni kabisa: haola ni ndugu wa hawala yetu, na osat ni ya ukoo mmoja na wastani. Nusu hapa haikumaanisha nusu ya eneo. Ilimaanisha tu kwamba umeshuka hatua.

Henry Beveridge, afisa wa utawala aliyekuwa huko, alichapisha kitabu kuhusu wilaya hiyo mwaka 1876. Baada yake akaja J. C. Jack, aliyesimamia sehemu ya upimaji mkubwa uliofanyika kati ya 1900 na 1908, na ripoti yake ya mwaka 1915 bado ni mahali pazuri pa kupotelea. Jack hakuona wizi mtupu. Aliona kwamba katika pori lile ngazi zilikuwa njia ya kukusanya mtaji mdogo mdogo kutoka kwa watu wengi, kwa kuwa hapakuwa na benki. Nadhani alikuwa na haki kuhusu vizazi vya wafyekaji. Ila pori lilipokwisha, ngazi hazikwisha. Ziliendelea kuzaliwa juu ya mashamba yaliyokwisha kulimwa, na wakati huo hakuna tuta lililojengwa kwa sababu yake.

Urithi uliyachafua maji zaidi. Kila ngazi iligawanyika kwa wana na mabinti, na hisa zilihesabiwa kwa vipande vya rupia. Rupia ilikuwa na ana 16. Wabengali waliendelea chini yake: ana moja ganda 20, ganda moja kara 4, kara moja kranti 3. Rupia nzima ni kranti 3,840, na katika daftari za Bakarganj unamkuta mtu mwenye hisa zinazohesabiwa kwa kranti katika haola fulani, ambaye pia ana nim haola chini ya binamu yake, ambaye naye ni mpangaji wake katika kipande cha pili. Watu wawili walikuwa wakidaiana kodi kwa ardhi zilizopakana, kila mmoja bwana wa mwenziwe.

Kaskazini, Jalpaiguri, walikuwa na msamiati mwingine. Mwenye jote alimpa mwenye chukani, akafuata mwenye dar-chukani, kisha dar-a-dar-chukani. Kiajemi kilipoishiwa, wakachukua neno la Kisanskriti tasya, lenye maana ya 'wa huyo', wakalipachika mbele.

Mwaka 1930 Tume ya Simon, iliyotumwa na bunge la Uingereza kuchunguza utawala wa India, iliandika kwamba katika mahali pengine Bengal ngazi za kati, kutoka kwa zamindari hadi kwa anayelima, zilifika 50 au kuzidi.

Muda wote huo wakulima hawakuwa wamenyamaza. Mwaka 1872 Bankim Chandra Chattopadhyay, aliyekuwa hakimu wa serikali na mwandishi, alichapisha katika jarida lake Bangadarshan makala ndefu juu ya dhiki ya mkulima wa Bengal, na michango haramu iliyobandikwa juu ya kodi kila bwana alipomwoza mwana au kufanya sherehe. Mwaka uliofuata wakulima wa Pabna walianzisha umoja, wakachanga fedha za kesi, wakagoma kulipa nyongeza. Wengi wa mabwana wao walikuwa wamenunua vipande vya milki iliyovunjika ya Rajshahi. Madai ya wakulima hayakuwa ya mapinduzi: walitaka kuwa wapangaji wa Malkia moja kwa moja. Waliona kwamba ngazi ya juu kabisa ilikuwa imeahidi kutopandisha.

Jibu lilikuwa Sheria ya Upangaji ya Bengal ya 1885. Ilijaribu kupanga lundo la majina katika mafungu machache: mwenye milki, mshika ardhi wa kati, raiyat, na aliye chini ya raiyat. Raiyat ni raia wetu huyuhuyu, ila kule maana yake ni mkulima mwenye haki ya kulima. Mahakama ingemtofautishaje na mtu wa kati? Ukishika zaidi ya bigha 100, kama ekari 33, ulidhaniwa kuwa mtu wa kati mpaka uthibitishe vinginevyo. Ukilima kijijini miaka 12 mfululizo, hufukuzwi ovyo. Raiyat akapata kinga. Na kinga hiyo, kwa kuwa ilikuwa na thamani, ikaanza kupangishwa. Raiyat mwenye ardhi ya ziada alimpa mtu mwingine kwa kodi kubwa zaidi, mpangaji aitwaye korfa, naye akawa bwana mdogo. Sheria iliyokuja kumlinda mkulima ilikuwa imeongeza ngazi.

Chini ya korfa palikuwa na bargadar, aliyelima kwa kugawana mazao nusu kwa nusu. Hapa sheria iliyokuwa na majina ya Kiajemi, Kiarabu na Kisanskriti kwa kila mpokea kodi ilikoma kuona. Marekebisho ya 1928 yalisema bargadar, kwa kawaida, si mpangaji. Hakuwa na daraja. Alihesabiwa zaidi kama kibarua anayelipwa kwa mpunga.

Mwanzo wa mwisho ulitoka Bakarganj yenyewe. A. K. Fazlul Huq, wakili mzaliwa wa wilaya hiyo, aliongoza chama cha wakulima na wapangaji, na mwaka 1937 akawa waziri mkuu wa Bengal. Mwaka uliofuata serikali yake iliunda tume chini ya Sir Francis Floud. Ripoti ya 1940 ilipendekeza Mapatano ya Kudumu yavunjwe na serikali inunue haki zote za wapokea kodi. Ikaja vita, kisha njaa ya 1943 iliyoua watu wapatao milioni tatu. Mwishoni mwa 1946 wagawana mazao wa kaskazini walianzisha vuguvugu la Tebhaga, wakipeleka mpunga kwenye viwanja vyao badala ya vya mabwana na kudai theluthi mbili badala ya nusu. Mwaka 1947 Bengal ikagawanywa.

Bengal ya Mashariki, iliyokwenda Pakistan na baadaye ikawa Bangladesh, ilipitisha sheria ya kutwaa milki mwaka 1950. Haki zote za kupokea kodi, kutoka kwa zamindari hadi ngazi ya mwisho ya kati, zilichukuliwa na serikali kwa fidia. Raiyat akawa mwenye ardhi chini ya serikali, na kupangisha ardhi hiyo kukapigwa marufuku, ngazi zisije zikaota tena. Bengal Magharibi ilitunga sheria yake mwaka 1953, na uzamindari ukakoma huko katikati ya Aprili 1955, pamoja na mwaka mpya wa Kibengali. Ili kulipa fidia ilibidi makarani wafungue daftari za upimaji na kuchambua kila haola na kila nim, hisa kwa kranti. Nakala za daftari hizo hadi leo huletwa mahakamani Bangladesh, familia zinapogombea mashamba.

Marufuku ya kupangisha hayakumgusa bargadar, maana kisheria hakuwa mpangaji. Bengal Magharibi ilianza mwaka 1978 kampeni ya kuwaandikisha, maafisa wakikutana nao jioni vijijini badala ya kuwasubiri ofisini, na majina kama milioni 1.4 yakaingia daftarini. Bangladesh ilifuata na amri ya mwaka 1984: mkataba wa barga uandikwe, udumu miaka mitano, na mazao yagawanywe mafungu matatu, moja la mwenye shamba, moja la anayelima, na la tatu la anayetoa mbegu, mbolea na maji. Mlimaji aliyezigharamia mwenyewe angebeba theluthi mbili.